Amanda Tapping, askari wa Marekani aliyetoka Canada

Kama umeisha kuangalia ku televizyo zile filme za mufululizo, zile watu wanaita seri, zenye kuonyesha askari wanaingia mu mulango wa chuma wa muviringo na kutokea ku dunia ingine, basi umeisha kumuona Amanda Tapping. Ni yule afisa mwenye nywele fupi za rangi ya zahabu, anayebeba bunduki mukononi na hesabu zote za nyota kichwani. Kwa miaka kumi alivaa nguo za jeshi la anga la Marekani. Lakini ile seri haikuchukuliwa mu Marekani, na yule mwanamuke si Mumarekani. Ni mutu wa Canada, na sehemu kubwa ya maisha yake ya kazi aliifanya mu muji mumoja wa Canada ambao karibu kila siku unajifanya kuwa muji mwingine.

Tapping alizaliwa tarehe 28 Agosti 1965 mu Rochford, ku Essex, Uingereza. Alikuwa na miaka mitatu wakati jamaa yake ilihamia Canada, mu jimbo la Ontario, na ndiyo kule alikomalia. Alisoma sekondari mu Toronto. Kule masomo mawili ndiyo yalimuvuta: sayansi ya mazingira na michezo ya kuigiza. Wengi wangesema mutoto kama huyo achague sayansi, juu ndiyo yenye kuleta mukate. Yeye alichagua jukwaa, akaenda ku chuo kikuu cha Windsor, mu muji ule unaotazamana na Detroit ya Marekani, mutoni tu katikati. Alimaliza mu mwaka wa 1988. Sayansi aliiacha, lakini sayansi haikumuacha, kama tutakavyoona.

Kisha masomo alirudi Toronto, akaanza kufanya kile kila muchezaji kijana anafanya: michezo ya jukwaani yenye malipo kidogo, matangazo ya biashara ku televizyo, na kungojea simu. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, yeye na wanawake wawili wenzake walianzisha kikundi cha kuchekesha, wakakiita Random Acts. Jambo hilo watu wanalisahau mara nyingi. Kuchekesha watu jukwaani kunafundisha kitu ambacho shule haifundishi: kujua ni wakati gani wa kunyamaza, na namna ya kusema neno gumu kama vile si kitu. Mutu atakayesema kwa miaka kumi maneno ya fizikia ambayo hakuna anayeyaelewa anahitaji sana ufundi ule.

Ku televizyo alipata vipande vidogo-vidogo. Alionekana mu Forever Knight, seri ya polisi ambaye ni munyonya-damu, iliyokuwa inachukuliwa mu Toronto. Mu mwaka wa 1996 alipata fasi ndogo mu The X-Files, mu episodi inayoitwa Avatar: mukubwa wa polisi anaamuka asubuhi na kukuta mwanamuke amekufa pembeni yake kitandani. Ule mwanamuke ndiye Tapping. Hakuna kazi ya heshima kubwa mu kucheza maiti, lakini kwa muchezaji wa Canada wa wakati ule The X-Files ilikuwa mulango. Karibu kila mutu wa kazi ile mu Vancouver aliupitia, wengine mara mbili ao tatu na majina tofauti-tofauti.

Hapa inafaa kuzungumuzia Vancouver yenyewe, juu bila kuelewa muji ule, kazi ya mutu kama Tapping haieleweki. Vancouver iko ku pwani ya magaribi ya Canada, mu jimbo la British Columbia. Saa yake ni ile-ile ya Los Angeles, na kutoka kule kwa ndege ni karibu saa tatu. Iko na bahari, milima, barabara za muji mukubwa, na musitu wenye mvua mwaka muzima. Tena kulikuwa jambo la feza. Mu mwaka wa 1998 dola ya Canada ilishuka chini ya senti 70 za Marekani. Ni kusema, kampuni ya Hollywood yenye kuleta dola zake kule ilikuwa inapata karibu nusu juu yake bila kutoka jasho. Na mu miaka ile-ile, serikali ya Canada na ile ya jimbo zilianza kurudishia kampuni za filme sehemu ya malipo ya wafanyakazi wenye kukaa kule, kwa njia ya kodi. Ndivyo Vancouver ilipata jina la Hollywood ya Kaskazini.

Lakini kila kitu kiko na bei yake. Filme zikikuja kwa sababu ya bei, wakubwa wa mbele wanakuja nazo. Muchezaji wa kwanza anatoka Los Angeles, na watu wa Canada wanapewa fasi ya daktari, ya polisi wa pili, ya jirani, ya maiti. Muji wenyewe unavaa vibao vya namba za magari ya Washington ao ya Colorado. Kwa watu wa kule, kuona jina la Vancouver ndani ya filme iliyochukuliwa mu Vancouver ilikuwa kama kuona mvua mu mwezi wa saba. Tapping aliingia mu kazi hiyo kwa mulango ule wa pembeni, lakini alipofika ndani hakubaki pembeni.

Seri yenyewe ni Stargate SG-1. Ilitoka ku filme ya 1994 ya Roland Emmerich, juu ya mulango wa zamani uliochimbuliwa mu Misri, unaopeleka watu ku sayari ingine. Brad Wright na Jonathan Glassner walichukua wazo lile na kulifanya seri, wakahamisha mulango mu kambi ya jeshi chini ya mulima wa Cheyenne, mu Colorado. Kambi ile iko kweli. Inasemwa hata kwamba askari wa kule walibandika kibao cha Stargate ku mulango wa chumba cha mafagio, kwa mchezo. Lakini mulango ule wa televizyo, pete kubwa yenye kuzunguka, ulisimama mu The Bridge Studios, mu Burnaby, pembeni ya Vancouver, mu majengo ambamo zamani walikuwa wanatengeneza vyuma vya madaraja.

Televizyo ya Showtime iliagiza episodi 44 kwa mara moja, ni kusema sezoni mbili, kabla mutazamaji hata mumoja hajaona kitu. Kwa mutu aliyezoea kulipwa siku tatu kwa kucheza maiti, hiyo ilikuwa kama kupata kazi ya serikali. Richard Dean Anderson, Mumarekani aliyejulikana tayari kwa MacGyver, alikuwa kamanda Jack O'Neill. Michael Shanks, mutoto wa Vancouver, alikuwa Daniel Jackson, mwenye kusoma lugha za zamani. Christopher Judge alikuwa Teal'c, askari aliyetoroka mabwana wake. Na Tapping alikuwa Kapiteni Samantha Carter, rubani na mutaalamu wa fizikia ya nyota. Mu filme ya 1994 hakukuwa mutu kama yule. Walimuongeza.

Episodi ya kwanza ilionyeshwa tarehe 27 Julai 1997, na ndani yake Carter alipewa neno moja ambalo lilimufuata kwa miaka. Anaingia mu chumba cha mukutano, wanaume wanashangaa kuona mwanamuke, naye anawajibu kwa kusema mambo ya viungo vya uzazi: vya mwanamuke viko ndani badala ya inje, na hiyo haimuzuie kufanya kile wao wanafanya. Lilikuwa neno la mutu anayedhani mwanamuke mwenye nguvu anazungumuza vile. Askari mwenye akili hawezi kujitetea vile mbele ya jenerali. Tapping hakulipenda, na hakuficha. Mu sezoni ya 8 waandikaji wenyewe walilichekelea: mu episodi ya Moebius, Carter mwingine, wa maisha mengine, mwenye haya na miwani, anajaribu kusema neno lile-lile na papo hapo anajishangaa, nani angesema kitu kama kile. Kisha mu mwaka wa 2009, wakati walitengeneza upya ile episodi ya kwanza kwa kuiuza ku DVD, walilitoa kabisa. Miaka kumi na mbili kwa kufuta sentensi moja.

Kile kilichofanya Carter asibaki kuwa ile sentensi ni kazi ya Tapping mwenyewe, siku kwa siku. Mu seri za namna ile, mwanamuke mwenye akili mara nyingi anaandikwa kama barafu: anajua kila kitu, hacheki, hakosei. Tapping alimucheza Carter kama mutu anayefurahia kazi yake. Akipata jibu la hesabu uso unafunguka kama wa mutoto. Akikosea, anakosea mbele ya watu wote, na mara moja alilipua jua zima. Cheo chake kilipanda polepole kama mu jeshi la kweli: kapiteni, kisha meja mu sezoni ya 3, kisha luteni-kanali mu sezoni ya 8, wakati alipewa kuongoza kikosi chenyewe. Jeshi la anga la Marekani lilikuwa linasaidia watengenezaji kwa mashauri, na majenerali wawili wakubwa wa jeshi lile, Michael Ryan na John Jumper, walionekana ndani ya seri wakicheza cheo chao wenyewe. 

Jambo la feza lilikuwa linarudi kila wakati. Kisha sezoni tano Showtime iliacha seri ile, na mu 2002 Sci Fi Channel iliichukua. Kuanzia pale karibu kila mwaka wachezaji walifikiri ndiyo wa mwisho, na mara nyingi sezoni ilimalizwa kama vile ni kwaheri, kisha barua inafika kwamba kazi inaendelea. Shanks aliondoka, akarudi. Anderson alipunguza siku zake, kisha akaacha fasi ya kila juma. Tapping alibaki. Mu mwaka wa 2007, wakati seri ilifungwa, ilikuwa imefikia sezoni 10 na episodi 214. Iliipita The X-Files ya wakati ule, ambayo ilikuwa na 202, na ikawa seri ya sayansi ya kubuni iliyoendelea bila kukatika kuliko zote mu Amerika ya Kaskazini, mpaka Smallville ilikuja kuipita. Hiyo pia ilikuwa inachukuliwa mu Vancouver.

Watazamaji wa Stargate wako na kicheko chao: sayari zote za mbali ziko na miti ya aina moja. Unavuka nyota elfu na unafika tena mu musitu wa British Columbia, na mvua.

Mu 2004 jambo moja lilitokea ambalo wakati ule lilionekana dogo. Mu sezoni ya 7, Tapping alipewa kuongoza episodi moja, Resurrection. Hadisi yake iliandikwa na Michael Shanks, muchezaji mwenzake. Mwongozaji wa filme ndiye anayesema kamera isimame wapi, muchezaji aingie kwa mulango gani, na wakati gani kazi imekwisha. Mu seri yenye kuendelea miaka mingi, wachezaji wanaume walikuwa wanapewa nafasi kama zile bila shida kubwa. Wanawake wenye kuongoza walikuwa wachache sana, na mu seri za namna hii walikuwa wachache zaidi. Tapping alifanya moja tu ku Stargate. Lakini alijifunza kwamba anaweza.

Mu 2005 alipata mutoto, na mwanzo wa sezoni ya 9 hakuwako. Aliporudi alikuta kikosi kiko na kiongozi mupya, Cameron Mitchell, anayechezwa na Mumarekani Ben Browder. Carter, aliyekuwa ameisha kuongoza mwaka muzima, akarudi ku fasi ya pili. Hadisi ilitoa sababu zake, na Browder ni muchezaji muzuri. Lakini watazamaji wengi hawakufurahi, na ni vigumu kuwapinga. Askari mwanaume wa cheo kile-kile asingeshushwa vile bila mutu kuuliza.

Sezoni za SG-1 zilipokwisha, zikafuata filme mbili zilizouzwa ku DVD mu 2008, The Ark of Truth na Continuum. Kwa hii ya pili, mu mwezi wa 3 wa 2007, Tapping, Anderson, Browder na watu wachache wa kamera walipelekwa ku barafu ya bahari ya Aktiki, ku kituo cha watafiti, na manowari ya kweli ya jeshi la maji la Marekani, USS Alexandria, ikapasua barafu mbele yao. Baridi ile haikuwa ya kuigiza. Anayeangalia vizuri ataona pumzi zao na nyusi zenye kuganda.

Carter mwenyewe alihamishwa ku seri ingine, Stargate Atlantis, sezoni ya 4, na sasa kama kanali kamili, mukubwa wa muji muzima wa Atlantis. Alichukua fasi ya mwanamuke mwingine wa Canada, Torri Higginson, aliyeondolewa ku fasi yake ya kila juma. Kazi ni vile: mulango mumoja unafungwa juu ingine ifunguliwe. Tapping angeweza kubaki pale. Ilikuwa kazi iliyolipwa vizuri, karibu na nyumbani, mu majengo aliyoyajua kila kona. Sezoni ya 5 aliondoka, akaonekana mara chache tu. Sababu ilikuwa kitu ambacho hakuna televizyo ilikuwa imekiagiza.

Kitu kile ni Sanctuary. Damian Kindler, mumoja wa waandikaji wa Stargate, alikuwa na hadisi juu ya daktari wa Uingereza wa zamani, Helen Magnus, mwenye miaka 157, anayeokoa na kuficha viumbe vya ajabu vyenye watu wanaviita mashetani. Martin Wood, mwongozaji wa episodi nyingi za Stargate, aliingia pamoja naye. Tapping alikuwa wa tatu, si muchezaji peke yake, lakini mutayarishaji mukubwa: mutu anayejibu kuhusu feza, kuhusu ratiba, kuhusu mushahara wa wafanyakazi. Badala ya kwenda kupigapiga ku mulango wa kampuni za televizyo, walitengeneza vipande vinane na kuvitoa ku intaneti mu 2007. Hiyo ilikuwa mbele ya wakati ambapo watu walizoea kuangalia seri ku intaneti. YouTube ilikuwa na miaka miwili. Ku nyumba nyingi, hata za Canada, kuvuta filme moja kulichukua muda wa kupika maharagi.

Namna ya kutengeneza ilikuwa mupya vilevile. Badala ya kujenga nyumba kubwa ya mawe, walisimamisha wachezaji mu chumba chenye kitambaa cha kijani ku kuta zote, na nyumba ikachorwa kisha ku ordinatere. Muchezaji anapanda ngazi tatu za kijani, anashika kitasa cha hewa, na anazungumuza na mutu ambaye hayuko. Wengi waliozoea jukwaa wanakosa nguvu mu kazi ile. Lakini jukwaa la michezo midogo, ambapo kiti kimoja ni motokari, ni kitanda, na ni kiti cha mufalme, linafundisha kitu kile-kile. Tapping alitia nywele rangi nyeusi, akarudia Kiingereza cha inchi aliyozaliwa, na akafanya watu wamusahau Carter. Si wote wanaoweza. Wachezaji wengi wa seri ndefu wanakufa na jina moja.

Intaneti haikurudisha feza. Lakini ilionyesha kitu, na Sci Fi Channel ikaagiza sezoni moja ya episodi 13. Ya kwanza ilionyeshwa tarehe 3 Oktoba 2008. Pembeni ya Tapping alikuwa Robin Dunne, na Christopher Heyerdahl, mutu wa British Columbia mwenye urefu na sauti ya pango. Heyerdahl alicheza watu wawili mu seri ile-ile: muuaji wa London ya zamani, na mutumishi wa nyumba mwenye manyoya mwili muzima. Wengine hawakujua kamwe kama ni mutu mumoja.

Helen Magnus ni kazi nzuri kuliko Carter, hata kama Carter ndiye atakayekumbukwa. Carter ni mutu wa siku zake. Magnus ameisha kuzika kila mutu aliyempenda, na Tapping alimubebesha uzito ule bila kulia-lia. Mu sezoni ya 4 anarudishwa mu mwaka wa 1898, na kwa sababu hawezi kubadilisha historia, anaishi tena miaka 113 kwa kujificha, akingojea kufikia siku aliyoondoka. Wazo lile lingeweza kuwa la kuchekesha. Namna alivyorudi kukaa ku meza yake, kama mutu aliyetoka kazini tu, ndiyo ilifanya liumize.

Sanctuary ilifikia sezoni nne na episodi 59. Ya mwisho ilionyeshwa mwisho wa Desemba 2011. Wafanyakazi wakabaki kungojea, na mu mwezi wa 5 wa 2012 ndipo Syfy, ile-ile Sci Fi yenye jina jipya, ilisema haiendelei. Hapo ndipo mutu anaona kiasi gani uhuru wao ulikuwa na mpaka. Hadisi ilikuwa yao, studio ilikuwa mu muji wao, wafanyakazi wao. Lakini mukono wa kuzima taa ulikuwa ku ofisi ingine, mu inchi ingine. Bahati yao, waandikaji walikuwa wameandika mwisho unaoweza kuwa mwisho: nyumba ya zamani inalipuka, na Magnus anafungua ingine, chini ya ardi, ambayo hakuna anayeijua.

Kuna kitu kimoja kutoka Sanctuary ambacho hakikuzimwa. Mu 2009 Tapping na wenzake walianzisha shirika la kuchangia watoto wenye shida, Sanctuary for Kids, kwa kusaidia mashirika ya Vancouver na ya inchi za mbali kama Nepal. Feza ilitoka sana kwa watazamaji wenyewe, ku mikutano yao wanayofanya kila mwaka mu hoteli za Uingereza, Ujerumani na Amerika, ambako wanalipa kuona wachezaji, kupiga nao picha, na kununua kwa mnada nguo walizovaa. Watu wanaichekelea mikutano ile. Lakini mutu mwenye kutoa mushahara wake kwa koti la daktari wa kubuni, na feza ile ikalipia shule ya mutoto, hajafanya upumbavu mukubwa.

Kuanzia 2012 Tapping alicheza mu Supernatural, seri nyingine ya Vancouver iliyodumu sezoni 15. Alikuwa Naomi, malaika anayevaa kama mukubwa wa benki, anayekaa mu ofisi nyeupe na kutoboa vichwa vya malaika wengine kwa chombo cha chuma ili wasahau. Bila kupandisha sauti, akawa mumoja wa waovu wenye kuogopesha zaidi wa seri ile. Ni vizuri kumuona anaacha wema kidogo.

Lakini kazi yake kubwa ilikuwa inahamia nyuma ya kamera. Ku Sanctuary aliongoza episodi kadhaa. Kisha majina yanaanza kufuatana, na mutu akiyachunguza anaona watu ni wale-wale: Primeval: New World, yenye Martin Wood kati ya watayarishaji, Dark Matter, ya waandikaji wawili wa zamani wa Stargate, Joseph Mallozzi na Paul Mullie, Travelers, ya Brad Wright, ambamo pia alicheza kidogo, kisha Continuum, Van Helsing na zingine. Mu Vancouver na Toronto kazi inaenda vile. Mutu anaitwa na yule aliyetumika naye akamuona anafika saa kumi na mbili asubuhi bila kununa. Miaka kumi ya Stargate ilikuwa shule ya kiwanda kizima: waandikaji, watu wa taa, wapiga rangi uso, na wote wakatawanyika na kuitana.

Kwa mwanamuke aliyefika karibu miaka hamsini, hesabu hiyo haikuwa ndogo. Fasi za wachezaji wanawake zinapungua umri ukipanda. Anayebaki anaitwa kucheza mama wa mutu, kisha nyanya wa mutu. Mwongozaji haulizwi miaka. Tapping alianza kujifunza kazi ile mu 2004, akiwa na miaka 38, wakati bado alikuwa na fasi ya kwanza ku skrini, na hakungoja simu inyamaze.

Kitu kingine kinaonekana mutu akipanga kazi zake zote juu ya meza moja. Carter ni Mumarekani. Magnus ni Mwingereza. Naomi anatoka mbinguni. Kwa miaka zaidi ya ishirini mutu huyu wa Canada, mu muji wa Canada, karibu hakupewa kucheza mutu wa Canada. Ilibidi angojee kuwa mwongozaji. Kati ya seri alizopewa kuongoza ni Anne with an E, iliyoanza mu 2017, hadisi ya mutoto yatima mwenye nywele nyekundu, inayotoka ku kitabu cha Lucy Maud Montgomery cha 1908, ambacho kila mutoto wa Canada anakijua. Hapo hakuna roketi, hakuna malaika, na inchi inaitwa kwa jina lake, kisiwa cha Prince Edward. Hata vile, sehemu kubwa ilichukuliwa mu Ontario.